Sura ya Nne: Mchemko wa Unyanyembe

Maji yanayochemka mjini Tabora hayafiki nyuzijoto 100 za selsiasi. Mji huo umekaa juu ya uwanda wenye mwinuko wa takriban mita 1,200 kutoka usawa wa bahari, na kwa sababu hiyo sufuria inayotokota jikoni Isevya au Ng'ambo hutokota ikiwa na nyuzijoto 96 hivi, wala haipandi zaidi ya hapo hata mkaa uongezwe na kupepewa namna gani. Mwanafunzi wa mji huo hufundishwa darasani kwamba maji huchemka kwa nyuzijoto 100, hulinakili jambo hilo katika daftari lake, hulijibu katika mtihani na kupata alama, ilhali sufuria ya mama yake inasema jambo jingine kila jioni. Kitabu hakikukosea, kwa maana kinazungumzia maji yaliyo usawa wa bahari, lakini mara nyingi sharti hilo husahaulika, na pamoja nalo husahaulika mojawapo ya maswali matamu zaidi ambayo mwandishi wa sayansi anaweza kumpa msomaji wa kawaida katika sehemu hii ya nchi.

Swali hilo lina historia ndefu katika njia ya misafara iliyotoka Bagamoyo, ikapita Mpwapwa, Ugogo na Mgunda Mkali hadi Unyanyembe, yaani eneo la Tabora, kisha ikashuka kupitia Uvinza mpaka Ujiji. Katika karne ya 19 ilibebwa katika njia hiyo, pamoja na vitambaa, shanga, baruti na pembe za ndovu, mizigo midogo ya vioo iliyopakiwa kwa uangalifu mkubwa, yaani vipimajoto vya kuchemshia maji, na kwa namba zilizosomwa katika vioo hivyo wasomi wa Ulaya walibishana juu ya chanzo cha mto Nile kwa karibu miaka 20. Sura hii inafuatilia safari ya swali hilo kutoka jikoni hadi katika mabishano hayo, kwa sababu ndani yake mna jambo ambalo waandishi wengi wa sayansi hulipuuza: swali la sayansi humvutia msomaji pale anapokuwa na njia ya kulihakiki yeye mwenyewe, kwa ulimi, kwa miguu au kwa sufuria, na wakati mwingine vyombo hivyo vya kawaida humpa jibu lililo sahihi kuliko chombo cha kitaalamu.

Kuchemka ni hali ya maji kugeuka mvuke si juu ya uso wake tu bali ndani yake pia, na ndiyo maana mapovu huonekana yakiinuka kutoka kwenye kitako cha sufuria. Povu la mvuke haliwezi kukua ndani ya maji mpaka mvuke uliomo uwe na nguvu ya kusukuma inayolingana na nguvu ya hewa inayoyakandamiza maji kutoka juu. Nguvu hiyo ya hewa, ambayo katika fizikia huitwa kanieneo, hutokana na uzito wa hewa yote iliyorundikana juu ya mahali husika, na kwa kuwa hewa ina uzito, mtu aliyesimama Bagamoyo ana hewa nyingi zaidi juu ya kichwa chake kuliko mtu aliyesimama Tabora. Pwani, hewa iliyo juu ya kila sentimita moja ya mraba ina uzito wa takriban kilo moja. Tabora uzito huo umepungua kwa takriban asilimia 13. Mvuke wa Tabora, basi, haulazimiki kufikia nguvu ile ile ili povu lifumke, na maji huchemka mapema, yakiwa bado hayajapata moto ule yanaoupata pwani. Kwa kadirio la jumla, kila mita 300 za kupanda hupunguza joto la kuchemka kwa nyuzi moja ya selsiasi.

Matokeo yake jikoni hayafanani kwa kila chakula. Chai haiathiriki sana, isipokuwa kwa mnywaji mteuzi mno. Ugali nao hauna shida, kwa sababu wanga wa unga wa mahindi huvimba na kuiva katika joto lililo chini sana ya nyuzi 96. Maharage ndiyo yanayoumbuka. Kulainika kwa punje ya haragwe hutegemea kuvunjika kwa pektini, ambayo ni kama gundi inayoshikamanisha chembe za mmea, na kazi hiyo hupungua kasi kila joto linaposhuka, kiasi kwamba tofauti ya nyuzi nne tu hudai kuni au mkaa zaidi na subira zaidi. Mpishi anayeongeza moto ili maharage yaive upesi anapoteza mkaa wake bure, kwa kuwa maji yakishachemka, joto lote la ziada huishia katika kutengeneza mvuke, na sufuria hukauka mapema bila maharage kuiva mapema.

Wapishi wa Tanzania wamelitatua tatizo hilo tangu zamani bila kungoja maelezo ya fizikia, kwanza kwa kuyaloweka maharage usiku kucha, na pili kwa kutia magadi kidogo. Magadi yana sifa ambayo kemia huiita ubesi, iliyo kinyume cha uchachu wa ndimu au siki, na katika maji yenye ubesi pektini huvunjika haraka zaidi. Gharama yake ni kwamba ubesi huo huharibu sehemu ya vitamini B1 iliyomo katika maharage, na ukizidi huacha ladha ya sabuni. Wengine hudhani kwamba chumvi ingeweza kufanya kazi hiyo, kwa kuwa ni kweli maji ya chumvi huchemka kwa joto la juu zaidi kuliko maji matupu. Hesabu inawakatisha tamaa: kijiko kimoja cha chai cha chumvi katika lita moja ya maji huongeza takriban sehemu moja ya kumi ya nyuzi, na ili sufuria ya Tabora ifikie nyuzi 100 zingehitajika zaidi ya gramu 200 za chumvi kwa kila lita, mchuzi ambao hata ng'ombe wa kulamba chumvi angeusita. Njia ya uhakika ni ile ya presha kuka, ambayo asili yake ni chombo kilichobuniwa na Mfaransa Denis Papin mwaka 1679, na ambayo huuzuia mvuke usitoke ovyo mpaka uyakandamize maji kwa nguvu kuliko hewa ya pwani, hivyo maji yake hufikia nyuzijoto 120 hivi, iwe ni Tanga au Tabora.

Wasafiri wa milimani waliliona jambo hilo hilo kwa mshangao. Charles Darwin, alipovuka milima ya Andes mwaka 1835, aliandika kwamba viazi vilivyochemshwa usiku mzima viliamka vikiwa vigumu kama vilivyokuwa, na kwamba wenzake wawili waliokuwa wakizungumza asubuhi waliilaumu sufuria, wakidhani imelaaniwa. Kwa mtazamo wa mwandishi wa sayansi, wenzake Darwin hawakustahili kuchekwa, kwa sababu walikuwa wamefanya lililo gumu zaidi, yaani kutambua kwamba kuna jambo lisilo la kawaida. Walichokosa ni mahali pa kulitafutia sababu.

Ikiwa mwinuko hubadili joto la kuchemka, basi joto la kuchemka linaweza kutumiwa kuufahamu mwinuko. Wazo hilo lilitokana na Daniel Fahrenheit, aliyebainisha katika miaka ya 1720 kwamba maji huchemka kwa joto tofauti kadiri kanieneo la hewa linavyobadilika, na lilipofika karne ya 19 lilikuwa limekwisha kuwa chombo cha kawaida cha msafiri. Barometa ya zebaki, ambayo hupima kanieneo moja kwa moja, ilikuwa bomba refu la kioo lisilostahimili hata siku chache juu ya kichwa cha mpagazi. Kipimajoto kilikuwa kifupi, kiliweza kufungwa kwa pamba ndani ya kasha, na kilihitaji moto, maji na chombo kidogo chenye shingo. Msafiri makini hakukizamisha kipimajoto ndani ya maji, bali alikining'iniza katika mvuke uliokuwa ukipanda, kwa sababu maji ya kisimani huwa na chumvi inayopandisha joto lake la kuchemka, wakati mvuke unaotoka humo ni karibu maji matupu. Katika njia iliyopita Uvinza, ambako chemchemi za maji ya chumvi zimechemshwa katika vyungu kupata chumvi tangu milenia ya kwanza, tahadhari hiyo haikuwa ya kupuuzwa.

Waingereza Richard Burton na John Hanning Speke waliondoka pwani mwishoni mwa Juni 1857, na baada ya zaidi ya miezi minne ya homa, mvua na utoro wa wapagazi waliingia Kaze, makazi ya wafanyabiashara yaliyokuwa mahali ulipo mji wa Tabora leo, tarehe 7 Novemba. Walipokewa huko na Snay bin Amir, Mwarabu wa ukoo wa Harthi, ambaye maarifa yake kuhusu nchi za magharibi na kaskazini yalichangia kitabu cha Burton kuliko chombo chochote cha kioo. Mwezi Februari 1858 walifika Ujiji na kuliona ziwa Tanganyika, na vipimo vyao vya mchemko viliwapa mwinuko wa takriban futi 1,850, yaani mita 564 hivi. Speke, aliyemwacha Burton mgonjwa Kaze na kwenda kaskazini pamoja na Sidi Mubarak Bombay mwezi Julai, alilifikia ziwa ambalo alilipa jina la malkia wake, na huko maji yalipochemka alipata mwinuko uliozidi kidogo futi 3,700.

Vipimo vya kisasa vinaonyesha kwamba ziwa Victoria liko mita 1,134 kutoka usawa wa bahari, sawa na futi 3,720, na ziwa Tanganyika liko mita 773. Speke alikuwa amepiga ndipo katika ziwa moja na kukosea kwa zaidi ya mita 200 katika jingine. Mita 200 ni kosa kubwa katika ramani, lakini katika kioo cha kipimajoto ni takriban sehemu saba za kumi za nyuzi moja ya selsiasi, upana usiozidi unene wa mistari michache iliyochorwa kwenye kioo, unaosomwa na mtu mwenye homa, katika moshi, wakati upepo wa ziwani unayumbisha mwali. Mtu anayefundisha maana ya usahihi katika sayansi hahitaji mfano mwingine.

Ubishi ulizuka kwa sababu mto hauwezi kupanda mlima. Speke alishikilia kwamba ziwa lake la kaskazini ndilo chanzo cha Nile. Burton, ambaye hakufika katika ziwa hilo, alipendelea lile la Ujiji. Mwaka 1864 Samuel Baker alilifikia ziwa ambalo leo huitwa Albert, ambamo maji ya Nile hupita, naye kwa kuchemsha maji akaliwekea mwinuko wa futi 2,720. Namba hizo mbili zikiwekwa pamoja, jambo lilionekana limekwisha: ziwa lililo katika futi 1,850 haliwezi kumwaga maji yake katika ziwa lililo katika futi 2,720. Burton, katika kitabu alichokitoa mwaka huo huo wa 1864 pamoja na James M'Queen, alikikana kipimajoto cha Tanganyika na kudai kwamba hakiaminiki, na wengi walimwona kama mtu anayekataa hesabu kwa kuwa haimpendelei. Mdahalo wake na Speke, uliopangwa kufanyika Bath nchini Uingereza tarehe 16 Septemba, haukufanyika, kwa sababu Speke alikufa kwa risasi ya bunduki yake mwenyewe alasiri ya siku iliyotangulia.

Baada ya vipimo vipya jambo hili liligeuka kuwa la ajabu zaidi. Mwinuko halisi wa ziwa Albert ni mita 619 hivi, karibu futi 2,030, kwa hiyo Baker naye alikosea, tena kwa kuzidisha. Tanganyika, lenye mita 773, liko juu kuliko Albert. Burton alikuwa na haki kabisa ya kukilaumu kipimajoto, na kwa kuitazama miinuko peke yake hakuna kinachoyazuia maji ya Ujiji kuelekea kaskazini. Hata hivyo Burton alikosea kuhusu Nile, na wapinzani wake walifikia jibu sahihi kwa kutumia namba mbili zilizokuwa mbovu zote. Vitabu vya shule hupenda kusimulia sayansi kama ngazi ambayo kila kipimo sahihi humfikisha mtu kwenye ukweli mmoja zaidi. Kisa hiki hakikubali kusimuliwa hivyo, na ndiyo sababu kinastahili kurasa nyingi kuliko kisa chochote kingine cha njia hii.

Ushahidi ulioamua jambo haukutoka katika kioo. Aprili 1858 Burton na Speke walipanda mitumbwi kutoka Ujiji hadi Uvira, karibu na ncha ya kaskazini ya ziwa, ili kujua kama mto Rusizi hutoka ziwani au huingia. Vijana wa nyumba ya mtawala wa Uvira, waliokuwa wamefika katika mlango wa mto huo, waliwaambia waziwazi kwamba unaingia, na kila aliyekuwepo akakubaliana nao. Wapiga makasia walikataa kuendelea mbele kwa kuwahofia watu wa kaskazini, na wasafiri wakarudi bila kuona kwa macho yao. Jibu la vijana hao lilikuwa sahihi, tena lilitosha: mto unaoingiza maji ziwani kutoka kaskazini hauwezi kuyatoa kuelekea Nile. Lakini kwa kuwa lilikuwa neno la wenyeji, na si namba, liliwekwa pembeni mara Burton alipohitaji mlango wa kutokea, na ilibidi wasafiri Livingstone na Stanley wapige makasia hadi hapo mwezi Novemba 1871 ndipo Ulaya ikaridhika. Wasomi wa London walikuwa tayari kubishana miaka 13 juu ya nyuzi moja ya joto kuliko kuliamini jicho la mwenyeji, na mwandishi wa leo anayeandika kuhusu hali ya hewa, samaki au nyuki bila kuwauliza wanaoishi navyo hana sababu ya kuwacheka.

Ulimi pia ulitoa ushahidi wake. Maji ya ziwa Tanganyika hunyweka, jambo ambalo kila mkazi wa Ujiji alilijua, na hapo palikuwa na fumbo ambalo halikuhitaji chombo chochote. Mito yote hubeba chumvi kidogo iliyoyeyuka kutoka kwenye mawe na udongo. Maji yakiingia katika ziwa lisilo na mlango na kuondoka kwa njia ya mvuke tu, chumvi hubaki nyuma na kujikusanya, kama inavyotokea katika ziwa Rukwa, lisilo na mto wa kutokea, ambalo maji yake yana magadi. Ziwa linalonyweka, lililopokea mito kwa karne nyingi, lazima liwe na mahali linapojipunguzia chumvi. Ikiwa mlango huo haukuwa Rusizi, ulikuwa wapi?

Aliyeufikia ni afisa Mwingereza Verney Lovett Cameron, na safari yake inarudisha simulizi Unyanyembe. Cameron aliingia Kwihara, kilomita chache kutoka Tabora, mwezi Agosti 1873, akakaa katika tembe ile ile ambayo Livingstone alikuwa amengojea wapagazi kwa miezi mitano mwaka uliotangulia. Tarehe 20 Oktoba Chuma, mfuasi wa Livingstone, alimfikia akiwa na barua iliyoandikwa na mwenzake Jacob Wainwright, ikieleza kwamba Livingstone amekufa na kwamba msafara wenye mwili wake uko nyuma. Mwili ulipofika, Cameron alichukua vyombo vya marehemu, vikiwemo barometa za aneroidi, yaani zile zinazotumia kikasha kidogo cha madini kisicho na hewa ndani badala ya zebaki, pamoja na vipimajoto na dira, ili avitumie katika safari yake. Horace Waller, aliyehariri shajara za mwisho za Livingstone, alisimulia kisa hicho bila kuficha masikitiko yake. Walioubeba mwili huo na mizigo yake kwa miezi mingi kupitia vinamasi walitarajia kuvikabidhi vyote pwani, na hapakuwa na sheria iliyompa afisa yeyote haki ya kuvigawa njiani.

Kwa vyovyote, vyombo viliendelea na safari. Mei 1874 Cameron alizunguka sehemu ya kusini ya ziwa na kuukuta mto Lukuga upande wa magharibi, ukitoka ziwani kwa mwendo wa pole, ukiwa umezibwa na magugu. Vipimo vyake vya mwinuko wa ziwa vilikaribia ukweli kuliko vile vya 1858. Stanley, aliyefika Lukuga miaka miwili baadaye, hakuona mto unaotoka, bali matope, mafunjo na maji yaliyotuama, akapinga. Kisha Edward Coode Hore, baharia wa wamisionari wa London aliyeishi Ujiji, akaukuta ukitiririka kwa nguvu. Hakuna aliyesema uongo. Kina cha ziwa hupanda na kushuka kwa mita kadhaa kulingana na mvua za miaka mingi, na mdomo wa Lukuga ulikuwa umejaa mchanga na mimea mpaka maji yalipopanda katika miaka ya 1870, yakauvunja ukuta huo, na ziwa likashuka kwa miaka iliyofuata. Wasafiri watatu waliona mto mmoja katika hali tatu, na maji yake, badala ya kwenda Misri, hushuka Lualaba na kuishia katika bahari ya Atlantiki kwa jina la Kongo.

Mtu mmoja alikuwepo karibu katika hatua zote hizo. Sidi Mubarak Bombay, aliyezaliwa Uyao, akakamatwa na kuuzwa utotoni, akaishi India na kurudi Zanzibar akiwa mtu mzima, alisafiri na Burton na Speke, akasafiri tena na Speke hadi Nile, akawa nahodha wa msafara wa Stanley mwaka 1871, kisha akavuka bara zima na Cameron hadi pwani ya Atlantiki mwaka 1875. Ni Bombay aliyeliona ziwa Victoria pamoja na Speke, na pengine hakuna mtu wa zama zake aliyeshuhudia vipimajoto vingi zaidi vikiwekwa juu ya moto katika Afrika ya Kati. Chama cha Kifalme cha Jiografia cha London kilimpa medali ya fedha na baadaye malipo ya uzeeni. Simulizi lake mwenyewe kuhusu vipimo hivyo halimo katika maktaba, na pengo hilo ni kubwa kuliko linavyoonekana, kwa sababu simulizi hilo lingekuwa maandishi ya kwanza ya sayansi ya njia hii yaliyosemwa kwa Kiswahili.

Maandishi ya Kiswahili yaliyopo ya wakati huo yana uhai wa namna nyingine. Hamed bin Muhammed el Murjebi, maarufu kwa jina la Tippu Tip, ambaye baba yake alikuwa na makazi Unyanyembe, alieleza maisha yake katika maandishi yaliyochapishwa na Heinrich Brode mwaka 1902 na 1903. Selemani bin Mwenye Chande aliandika safari yake ya bara, nayo ikaingizwa na Carl Velten katika mkusanyo wa safari za Waswahili uliotoka mwaka 1901. Wote wawili wanajua umbali kwa siku za kutembea, maji kwa ladha yake, na nchi kwa njaa au shibe yake. Hawapimi kwa nyuzi, lakini hesabu yao ni kali: idadi ya siku kutoka kisima hadi kisima katika Mgunda Mkali ni kipimo ambacho mwenye kukikosea hakuishi akakisahihisha. Katika miaka ile ile ya Burton, Michael Faraday alikuwa akiwaeleza vijana wa London kemia nzima kwa kuwasha mshumaa mmoja, na mihadhara yake ikachapishwa mwaka 1861. Mshumaa wake na kisima cha Selemani ni vitu vya jamii moja, tofauti ikiwa kwamba Faraday alipata mhariri aliyejua kwamba anachapisha sayansi, na Selemani akapata mhariri aliyedhani anachapisha sarufi na desturi.

Katika Tanganyika iliyokwisha kupata uhuru, swali la jikoni lilipewa nafasi yake kwa bahati. Erasto Mpemba, akiwa mwanafunzi wa shule ya sekondari ya Magamba mwaka 1963, alitia katika jokofu maziwa ya aiskrimu yakiwa bado ya moto, akaona yakiganda kabla ya yale yaliyopozwa kwanza. Alichekwa na mwalimu na wenzake kwa kusema hivyo. Alipokuwa Mkwawa, Iringa, alimuuliza swali hilo mgeni aliyekuja kuhutubia, Denis Osborne wa chuo kikuu cha Dar es Salaam, ambaye hakucheka bali alikwenda kujaribu, na mwaka 1969 wawili hao wakachapisha makala kuhusu jambo hilo katika jarida la fizikia la Uingereza. Mabishano hayajaisha: mwaka 2016 watafiti Henry Burridge na Paul Linden walirudia majaribio kwa uangalifu na kusema kwamba hawakupata ushahidi wa kutosha, wakionya kwamba mahali kipimajoto kinapowekwa ndani ya chombo huweza kubadili matokeo. Onyo hilo angelielewa vizuri yeyote aliyewahi kusoma nyuzi za mchemko ukingoni mwa ziwa Tanganyika.

Mwalimu wa fizikia wa Tabora anayetaka kulirudisha swali la sura hii mahali pake hana haja ya maabara kubwa. Anahitaji kipimajoto kinachosomeka mpaka sehemu ya kumi ya nyuzi, birika lenye mdomo mwembamba, maji ya mvua na mwenzake mmoja aliye Kigoma au Ujiji. Kipimajoto hicho hicho, si kingine cha kufanana nacho, kichemshiwe kwanza pwani ili ijulikane kinasoma nini pale ambapo jibu linatakiwa kuwa 100 au karibu yake, kwa kuwa chombo kisichohakikiwa huko hubeba kosa lake njia nzima. Kikining'inizwa katika mvuke Tabora kitasoma kitu kama nyuzijoto 96, na kikishushwa kwa gari moshi hadi Kigoma kitapanda hadi karibu 97.5. Hewa ya asubuhi na ya alasiri itavibadilisha vipimo hivyo kwa takriban sehemu moja ya kumi ya nyuzi, kwa hiyo visomwe saa ile ile ya siku. Tofauti ya nyuzi moja na nusu ikizidishwa kwa mita 300 inatoa mita 450, na reli hushuka kiasi cha mita 400 na ushei kati ya vituo hivyo viwili. Darasa litakalopata mita 200 au 700 litakuwa na kazi ya kutafuta kosa lake liko wapi, katika kioo, katika maji, katika saa au katika macho ya msomaji.